Nilidhani limebaki milioni saba

Mwishoni mwa mwezi wa nne 2024 niliomba ruhusa kwa mkuu wa shule, nikashuka Kigoma mjini kwenda benki. Kwenye akaunti ya familia tulikuwa na milioni 10. Zilikuwa zimetokana na dagaa, na kiwanja kidogo cha Mwandiga ambacho mume wangu aliamua kukiuza, na hela yangu ya kikoba ya miaka miwili. Nilikuwa naenda kumaliza mkopo wa nyumba. Ndo nilivyoamini kabisa, na njiani nilishampigia shangazi Ujiji nikamwambia aniombee, leo narudi na hati yangu.

Hesabu yangu ilikuwa hivi. Tulikopa milioni 60 mwaka 2019, tunarejesha 880,000 kila mwezi, tumeshalipa miezi 60 bila kuruka hata mmoja, hiyo ni milioni 52 na laki nane. Alafu nilishasikia watu wanasema ukimaliza mapema riba ya miaka ya mbele haikuhusu tena. Kwahiyo 60 toa 52.8 inabaki milioni saba na ushee, nikaweka na ya dharura juu yake, nikasema kumi inatosha na chenji itarudi.

Kijana wa mikopo ni mpole sana, akaniita madam, akanipa kiti, akabonyeza bonyeza kompyuta yake alafu akanigeuzia kioo nisome mwenyewe. Salio la mkopo: 57,185,000 na senti zake.

Nilimwambia aangalie vizuri, huenda amefungua akaunti ya mtu mwingine. Akasoma jina langu, akasoma la mume wangu, akasoma namba ya kiwanja. Ilikuwa yetu. Miaka mitano, milioni 52 na laki nane zimetoka mikononi mwetu, na deni lilikuwa limepungua kwa milioni mbili na laki nane tu.

Nilitoka pale nikakaa kwenye benchi la mama mmoja anayeuza chai, nikaangalia barabara inavyoshuka kwenda stesheni na ziwa kule chini, na nakumbuka niliagiza chai na sikuinywa. Sikuwa na hasira na yule kijana maana hakunidanganya, na mkataba nilisaini mwenyewe. Nilichokuwa nawaza ni ile miaka mitano. Mwanangu wa kwanza alikuwa darasa la tatu tulipohamia, sasa yuko sekondari, na muda wote huo tulijinyima vitu tukiamini tunalipa nyumba.

Sasa naandika hii kwa ajili ya mtu ambaye yuko kwenye hatua ya kusaini, au ameshasaini kama mimi na hajawahi kuuliza salio. Namba zote ni za mkopo wetu, riba yetu ilikuwa asilimia 17 kwa mwaka, na kwa hapa kwetu Tanzania hiyo ni ya kawaida, mikopo mingi ya nyumba miaka hii imekuwa ikicheza kati ya 15 na 19.

Nirudi nyuma kidogo. Tulikuwa tumepanga Mwanga, laki mbili kwa mwezi, vyumba viwili na jiko la pamoja. Nyumba tuliyopata ipo Gungu, vyumba vitatu, imekamilika, ina hati, bei milioni 75. Benki ikasema inatoa asilimia 80, yaani hizo 60, kumi na tano tafuteni wenyewe. Tukatafuta. Alafu zikaanza zile ndogo ndogo ambazo hakuna mtu anakuhesabia mwanzoni, mthamini wa kuja kuangalia nyumba, ada ya benki ya kushughulikia mkopo, mwanasheria, kusajili rehani ardhi, bima ya maisha ya mkopaji ili mkifa deni lisibaki kwa watoto, bima ya moto. Mimi kama mwenza nikasaini na ridhaa yangu, maana sheria ya ardhi hairuhusu nyumba ya familia iwekwe rehani bila mke au mume kukubali, na nashukuru hilo lipo. Jumla tulitoa milioni mbili na laki nne kabla hatujashika ufunguo, na bima ikaendelea kudai kama laki mbili na nusu kila mwaka.

Siku ya kusaini swali langu lilikuwa moja tu, rejesho ni shilingi ngapi kwa mwezi. Nilipoambiwa 880,000 nikaweka mshahara wangu na wa mume wangu pamoja, nikaona tunaweza, na ile theluthi moja ya mshahara ambayo mtumishi lazima abaki nayo inabaki. Basi. Sikuuliza ni kiasi gani kwa jumla. Ukizidisha 880,080, ambayo ndo namba kamili, mara miezi 240, unapata milioni 211 na laki mbili. Weka kumi na tano zetu, weka zile za mwanzo, weka bima ya miaka ishirini, unakuta nyumba ya milioni 75 inatoka mifukoni mwetu kwa zaidi ya milioni 233. Mara tatu na kidogo. Na hapo sijagusa bati wala rangi wala pampu ya maji.

Siku ile niliporudi shuleni nilikuwa na uso ambao wenzangu waliuona. Mwalimu mwenzetu wa hisabati, tunamuita Ticha, akanikalisha stafu rumu akachukua karatasi ya mtihani iliyotumika upande mmoja. Mimi nafundisha Kiswahili na historia, sijawahi kukaa na hesabu kwa hiari yangu, lakini alivyonieleza nilielewa mara moja na nimeshawaeleza watu zaidi ya ishirini tangu siku hiyo.

Akasema, riba haihesabiwi kwenye rejesho lako, inahesabiwa kwenye deni lililobaki, kila mwezi upya. Deni ni milioni 60, asilimia 17 ya mwaka, gawa kwa miezi 12, mwezi wa kwanza riba peke yake ni 850,000. Wewe umeleta 880,080. Toa riba. Kilichobaki kikaenda kupunguza deni ni 30,080.

Elfu thelathini! Kwenye laki nane na themanini. Mwezi wa pili deni limepungua kwa hiyo elfu thelathini, kwahiyo riba inapungua kwa kama shilingi mia nne na ishirini na kitu, na hiyo mia nne ndo inaongezeka kwenye kupunguza deni. Inakwenda hivyo, polepole sana, miaka na miaka. Ticha akaingiza kwenye Excel kwa simu yake tukashuka nayo. Mwaka wa kumi ukiisha umelipa milioni 105 na laki sita, na bado unadaiwa milioni 50 na laki sita. Nusu ya deni, yaani kufika milioni 30, unaifikia mwaka wa kumi na sita ukishaisha. Alafu ile minne ya mwisho ndo deni linaporomoka kwa kasi, kwa sababu riba imekosa cha kula.

Kuna kitu kingine alichonionyesha ambacho kilinitisha kuliko hivyo vyote. Mkataba wetu una kipengele kwamba riba inaweza kubadilika kufuatana na soko, na Benki Kuu tangu Januari 2024 inatangaza riba yake kila robo mwaka, nilikuwa naisikia redioni na kuona hainihusu. Sasa chukua milioni 60 ile ile, ipandishe kutoka 17 hadi 18 tu, riba ya mwezi inakuwa 900,000. Rejesho letu la 880,080 halifiki hata riba! Ungekuwa unalipa kila mwezi kwa uaminifu na deni linakua, mpaka benki ikupandishie rejesho. Hiyo pengo ya elfu thelathini ndo nafasi pekee tuliyokuwa nayo na sikuwahi kujua ni nyembamba kiasi hicho.

Kwakweli kilichoniuma zaidi ni namba za muda. Nilimuomba Ticha apige mkopo ule ule, riba ile ile, lakini kwa miaka 15. Rejesho likatoka 923,400. Tofauti na letu ni elfu 43 kwa mwezi. Jumla ya kulipa inakuwa milioni 166. Yaani kwa elfu 43 zaidi kila mwezi, ambayo mwaka 2019 tungeipata bila kulala njaa, tungemaliza miaka mitano mapema na milioni 45 zisingetoka. Kwa miaka 10 rejesho ni 1,042,800 na jumla ni milioni 125. Tofauti na ile ya miaka 20 ni milioni 86, nyumba nzima na chenji. Nimelala na hizo namba usiku mwingi.

Sisemi benki imetuibia. Hesabu ni ile ile kila mahali duniani na kwenye mkataba iliandikwa riba inayopungua, yaani inapigwa kwenye deni lililobaki tu, na hiyo inayopungua ni bora kuliko ile ya moja kwa moja, wale wanaokupigia asilimia kwenye mkopo wote kila mwaka hata kama umeshalipa nusu. Hapo angalieni sana. Mtu akikuambia nakupa kwa asilimia 10 ya moja kwa moja kwa miaka kumi, na benki inasema 16 inayopungua, masikio yanakimbilia kumi, lakini ukipiga hesabu rejesho linakaribia kulingana kabisa, milioni moja kwa mwezi kwa mkopo wa 60. Na kausha damu, ile mikopo ya mtaani ya riba kali, sizizungumzii humu, hizo ni habari nyingine kabisa, ila mantiki ya kusoma namba ya asilimia bila kuuliza inapigwa kwenye nini ndo hiyo hiyo imewamaliza mama zetu sokoni.

Basi tukarudi kwenye milioni kumi. Mume wangu alisema zirudishe kwenye dagaa, angalau zinazunguka. Mimi na Ticha tukapiga. Ukiingiza milioni 8 kwenye deni la msingi, yaani ile hela yenyewe ya mkopo iliyobaki bila riba, deni linashuka hadi 49 na ushee, na rejesho likibaki lile lile la 880,080, miezi iliyobaki inatoka 180 inakuwa 112. Nilimwambia arudie. Akarudia. Milioni nane inafuta miezi 68, karibu miaka sita, na ukitoa hiyo nane yenyewe unaokoa kama milioni 52. Mume wangu alinyamaza muda mrefu alafu akasema basi peleka zote kumi.

Aliyetuzuia ni shangazi wa Ujiji. Yeye hajui Excel ila anajua ziwa. Akasema mwanangu, ziwa linafungwa mwezi wa tano, unapeleka hela zote benki utakula nini na watoto wana ada. Na kweli, ilishatangazwa, Ziwa Tanganyika likafungwa kwa uvuvi kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti 2024, samaki wapumzike wazaliane. Wifi yangu ananunua dagaa kwa wavuvi pale Kibirizi na mimi nina mtaji kwake, hiyo ndo hela yetu ya ada na ya dharura. Na hela ya dagaa hata ziwa likiwa wazi inafuata giza, mbalamwezi ikiwaka taa za wavuvi hazivuti kitu na watu wanapumzika, kuna wiki unapata na kuna wiki hupati. Rejesho la benki halijui mwezi mwandamo wala ziwa kufungwa, tarehe ni ile ile. Tukabakiza milioni mbili, tukapeleka nane.

Na hapa naomba msome polepole. Nilipopeleka, yule kijana aliniuliza, madam tupunguze rejesho au tupunguze muda? Akasema wateja wengi wanachagua rejesho lipungue. Ningekuwa sijakaa na Ticha ningechagua hivyo hivyo, nani hapendi kulipa kidogo. Lakini ukipunguza rejesho unabaki na miezi yako 180 na faida kubwa inapotea. Nikasema muda. Nikaomba na maandishi, nikauliza kama kuna ada ya kulipa mapema kabla sijasaini chochote, nikaomba jedwali jipya la marejesho lote mpaka mwezi wa mwisho, kurasa tatu, lipo kwenye kabati na jingine nimelibandika nyuma ya mlango wa chumbani.

Miezi mitatu ya ziwa kufungwa ilikuwa migumu. Kibirizi kulikuwa kimya, wifi akawa anauza mawese kidogo kidogo. Mwezi wa sita mume wangu akapendekeza tuombe benki itusimamishie rejesho kwa miezi mitatu, mishahara ilipe ada, ziwa likifunguliwa tuendelee. Nikafungua jedwali. Riba kwenye deni lile ilikuwa karibu laki saba kwa mwezi, na kusimamisha rejesho hakusimamishi riba, ingerundikana milioni mbili na kitu na kurudi kwenye deni, alafu nayo ianze kuzaa kwa asilimia 17. Robo ya ile nane ingekuwa imeyeyuka. Tukala ile milioni mbili tuliyobakiza kwa ushauri wa shangazi badala yake. Migebuka, samaki wetu wa ziwani, hatukuiona mezani mpaka mwezi wa nane, ila hatukuruka rejesho.

Kuna watu wataniambia mkopo wa nyumba ni ujinga bora kujenga mdogo mdogo, na wengi wetu ndo tunavyofanya, mikopo ya nyumba Tanzania nzima haifiki hata asilimia moja ya pato la taifa. Kabla ya 2010 ilipoanzishwa ile kampuni ya TMRC inayoyapa mabenki fedha za muda mrefu, kupata mkopo wa miaka 20 ilikuwa ngumu kweli. Jirani yangu wa kazini amejenga Mwandiga, miaka nane, msingi, boma likakaa misimu mitatu ya mvua linaota majani, kupaua, mpaka leo hana dari. Imemgharimu kama milioni 55 na kodi ya nyumba aliyokuwa amepanga kama 14. Kwa hela amenizidi mbali, sina ubishi. Lakini watoto wangu walilala kwao tangu 2019, na ile laki mbili ya kodi tuliacha kuilipa, hiyo kwa miaka 20 ni milioni 48 hata isipopanda. Na shilingi yenyewe inashuka thamani, bei zikiendelea kupanda kwa asilimia tatu na kitu kwa mwaka kama miaka hii, 880,000 ya mwaka 2039 itanunua kama nusu ya ilivyonunua 2019 tulipokopa. Hivyo vyote viingizeni kwenye mizani. Mimi nimeingiza na bado naona miaka 20 ilikuwa mirefu mno kwetu.

Alafu kuna hizi video za YouTube za Wamarekani, mdogo wangu anazipenda, wanasema usilipe mkopo wa nyumba mapema, hela iwekeze. Kule mtu anakopa kwa asilimia 6 au 7, riba haibadiliki miaka thelathini, na hata hivyo kwa saba anaishia kulipa karibu mara mbili na nusu ya alichokopa. Sisi tuko 17. Nionyesheni sehemu ya uhakika inayonipa zaidi ya asilimia 17 kila mwaka bila kukosa, hati fungani za serikali hazifiki, dagaa kuna mwaka zinafika na kuna mwaka ziwa linafungwa. Kila shilingi ninayoingiza kwenye deni la msingi inaniokolea asilimia 17 kwa mwaka, na hakuna mbalamwezi. Na wale wanaosubiri mafao ya kustaafu ndo wafute deni, walimu wenzangu tumeona kikokotoo kilivyobadilishwa 2018, 2022 na 2024, mimi siwezi kupangia deni la leo hela ambayo fomula yake sijui itakuwaje.

Desemba 2025 ilikuwa rejesho la ishirini tangu tuingize ile nane. Salio ni milioni 44 na laki tisa na themanini. Kwenye miezi hiyo 20 deni limepungua milioni 4 na laki mbili, wakati ile miezi 60 ya kwanza lilipungua mbili na laki nane. Rejesho ni lile lile, ila mwezi wa kwanza elfu 30 ndo ilienda kwenye deni, na Desemba zilienda karibu laki mbili na arobaini. Mume wangu ndo anayeweka tiki nyuma ya mlango siku hizi, mimi hata sigusi kalamu.

Mdogo wangu wa Kasulu kanipigia juzi, wamemkubalia mkopo kama wetu, riba 17, na wamemwambia akichukua miaka 25 badala ya 20 rejesho linashuka. Nikamuuliza linashuka kwa shilingi ngapi. Akasema hajauliza. Nimepiga, linashuka kwa elfu 17 na mia nne kwa mwezi, na jumla ya kulipa inapanda kwa milioni 47 na laki sita. Sikumtajia kwenye simu. Nimemwambia asisaini, aombe jedwali lote lichapishwe, aje nalo Jumapili, na Ticha nimeshamwambia atakuwepo.